Kikaza: silaha ya nishati na hesabu ya ukingo wa muda

Tarehe 5 Desemba 2022, leza 192 za maabara ya National Ignition Facility huko California zilimimina jouli milioni 2.05 kwenye shabaha yenye kidonge cha haidrojeni cha upana wa milimita 2 hivi, na muunganiko wa nyuklia ukatoa jouli milioni 3.15. Anayezisikia tarakimu hizo hudhani ni nishati ya kutisha. Sivyo. Lita moja ya maji ambayo tayari yanachemka hudai jouli milioni 2.26 ili yote igeuke mvuke. Sufuria ya kawaida hula zaidi ya kile leza zote 192 zilichokitoa. Kinachozitenganisha ni muda: jiko hutumia dakika nyingi, leza zile zilimaliza kazi kwa nanosekunde chache.

Hapo ndipo silaha yoyote ya nishati inapopata ukali wake. Haipimwi kwa jouli peke yake, hupimwa kwa wati, yaani jouli ngapi kwa kila sekunde. Wanafizikia Donna Strickland na Gérard Mourou walilionyesha hilo mwaka 1985 kwa njia nzuri sana: walichukua mpigo mfupi wa leza, wakaurefusha, wakaukuza ukiwa mrefu na mpole ili usiharibu vioo, halafu wakaubana tena. Nishati ileile ikabanwa ndani ya muda mfupi mno. Kazi hiyo iliwapa sehemu ya Tuzo ya Nobeli ya mwaka 2018.

Sasa chukua ulimwengu wa kubuni ambamo muda wenyewe unabanika. Silaha ninayoieleza hapa naiita kikaza, kwa kuwa kazi yake ni kukaza muda. Uga unaobadilisha mwendo wa saa ni wa kubuni kabisa. Lakini ukishaukubali, yanayofuata si ya kubuni tena, kwa sababu maumbile yenyewe yana uga wa namna hiyo, dhaifu sana: mvuto. Wanafizikia Robert Pound na Glen Rebka waliupima Chuo Kikuu cha Harvard mwaka 1960 kwenye mnara, kwa urefu wa mita 22.5, na tofauti ya mwendo wa saa kati ya juu na chini ilikuwa sehemu 2.5 katika kila milioni bilioni. Saa za setilaiti za GPS hutangulia saa za ardhini kwa mikrosekunde 38 kila siku, na lazima zirekebishwe. Kwa hiyo mwandishi wa hadithi au mbunifu wa mchezo anayetaka silaha ya muda hana haja ya kukisia itakavyofanya kazi. Anachagua namba moja tu, na namba hiyo inaamua mambo mengine yote.

Namba hiyo tuiite k. Ndani ya chumba cha haraka, saa huenda mara k ya saa ya nje. Nitatumia k = 10 mpaka mwisho.

Kosa la kwanza ambalo karibu kila mtu hulifanya ni kusema kwamba leza ya kilowati 1 ikiwekwa ndani ya chumba hicho itaonekana nje kama kilowati 10. Itaonekana kama kilowati 100. Sekunde moja inapopita nje, ndani zimepita 10, kwa hiyo fotoni (chembe za mwanga) zinazotoka ni mara 10. Hiyo ni kumi ya kwanza. Lakini wimbi la mwanga nalo ni saa. Marudio yake, yaani mara ngapi hutikisika kwa sekunde, nayo yanaongezeka mara 10, na nishati ya kila fotoni hufuata marudio ya wimbi lake. Hiyo ni kumi ya pili. Wati hupanda kwa k mara k, ilhali nishati yote ya mfyatuo hupanda kwa k tu. Mfyatuo wa sekunde 1 ya ndani, wenye jouli 1,000, hutoka nje kwa sehemu ya kumi ya sekunde ukiwa na jouli 10,000. Jouli 9,000 zilizozidi zimelipwa na uga. Shika hilo la kulipa, tutalirudia, kwa sababu ndilo linalovunja miundo mingi.

Rangi kwanza.

Ukiweka ndani leza ya kawaida ya kiwandani yenye wimbi la urefu wa mikromita 1.06, mwanga wake utatoka nje ukiwa na mikromita 0.106. Huo ni urujuanimno wa mbali, na oksijeni huumeza kabla haujafika popote. Silaha ya namna hiyo ingeunguza hewa iliyo mbele ya mdomo wake na kuishia hapo. Kwa hiyo usianze na leza. Anza na dirisha la hewa, kisha rudi nyuma. Hewa hupitisha vizuri mwanga wa karibu na mikromita 1.06. Zidisha kwa 10, utapata mikromita 10.6, na hapo pana bahati nzuri ajabu: ndio mwanga hasa wa leza ya kaboni dayoksaidi, mashine inayofahamika tangu miaka ya 1960 na ambayo hugeuza takribani asilimia 10 hadi 20 ya umeme wake kuwa mwanga. Mtu angeweza kujenga ulimwengu mzima wa kubuni juu ya ulinganifu huo mmoja, na mimi ningemsifu.

Bahati hiyo ina kingo nyembamba. Mvuke wa maji hewani humeza mwanga wa karibu na mikromita 0.94, tena karibu na 1.13, na vibaya zaidi karibu na 1.4. Gawanya 10.6 kwa kila moja utaona mitego ilipo: k ya 11.3, ya 9.4 na ya 7.6. Uga ukilegea kutoka 10 hadi 7.6, silaha haipungui makali kidogo kidogo. Inafika mahali hewa yenye unyevu inaimeza yote. Basi k inapaswa kubaki kati ya 9.8 na 10.8 hivi. Kuna kifaa rahisi cha kulilinda hilo kwa upande wa chini. Kihisi cha silikoni huona mwanga mpaka mikromita 1.1 tu, zaidi ya hapo ni kipofu. Pitisha mwale dhaifu wa majaribio kutoka kwenye leza ya ndani hadi kihisi cha silikoni kilicho nje. Kikiuona, k imevuka 9.6. Kisipouona, kifyatulio kinabaki kimefungwa. Hakuna programu inayohitajika hapo. Silikoni yenyewe ndiyo inayokataa.

Kwa umbali, hesabu ni ya kawaida. Kioo cha kutolea mwale chenye upana wa sentimita 10 kitatoa doa la sentimita 2.6 hivi kwa kilometa moja, hewa ikiwa tulivu. Jouli 10,000 kwenye doa hilo si radi. Kuyeyusha bamba la chuma la milimita 2 kwenye eneo hilo kunahitaji karibu kiasi hichohicho, na chuma hurudisha sehemu kubwa ya mwanga wa rangi hiyo. Alumini hurudisha zaidi ya asilimia 90. Mfyatuo mmoja hupofusha kihisi na kuunguza rangi au plastiki. Kutoboa kunataka mifyatuo kadhaa mahali palepale. Kwa kulinganisha, leza iliyofungwa kwenye meli ya kivita USS Ponce mwaka 2014 ilikuwa ya kilowati 30, na kazi yake ilikuwa vyombo vidogo kama droni na mashua. Jicho ndilo lililo hatarini kuliko vyote, kwa kuwa mikromita 1.06 hupenya lenzi ya jicho hadi kwenye retina bila kuonekana.

Deni

Turudi kwenye malipo. Kitu kilicho ndani ya chumba cha haraka kina nishati zaidi, kikipimwa kutoka nje, kuliko kikiwa nje, kama ndoo iliyopandishwa juu ya paa. Kiasi chake ni (k − 1) mara uzito wake mara mraba wa kasi ya mwanga. Kwa k = 10, kila kilo moja inadai mara 9 ya nishati yake yote ya asili. Leza ya kaboni dayoksaidi pamoja na kapasita (vihifadhi vya umeme wa mfyatuo), betri, vioo na lita moja ya maji ya kupozea haiwezi kupungua sana chini ya kilo 50. Deni la kilo 50 ni sawa na megatani 9,700 hivi, megatani moja ikiwa mlipuko wa tani milioni moja za baruti ya TNT. Bomu kubwa kuliko yote lililowahi kulipuliwa, lile la Muungano wa Kisovyeti la mwaka 1961, lilikuwa la megatani 50.

Mwandishi asiyejua hili huandika shujaa anayebonyeza kitufe na chumba kikawaka. Anayelijua hujiuliza mara moja: nani analipa megatani 9,700, na zinakwenda wapi uga ukizimwa?

Jibu zuri ninaloliona ni jiwe la mizani. Chumba cha pole, ambamo saa huenda taratibu kuliko nje, hufanya kinyume: kitu kikiwa ndani yake hutoa nishati, kama ndoo inayoteremka kisimani. Unganisha vyumba viwili kwa mtambo mmoja wa uga, kimoja cha haraka na kimoja cha pole, na kinachodaiwa na kimoja kilipwe na kingine. Lifti hufanya hivyohivyo: behewa linapanda, jiwe linashuka, na mota hulipia tofauti tu.

Hesabu yake inafurahisha. Chumba cha haraka chenye kilo 50 kwa k = 10 kinadai kilo 450 za nishati, tukiipima nishati kwa uzito. Chumba cha pole kinaweza kutoa, hata muda wake ukiganda kabisa, uzito wake wote na si zaidi. Kwa hiyo jiwe lenye chini ya kilo 450 haliwezi kamwe kuifikisha silaha kwenye 10. Litazidi kupunguza mwendo wa saa yake bila kikomo na kugeuka kitu kama shimo jeusi kabla kazi haijaisha. Jiwe la kilo 500 linatosha, lakini saa yake italazimika kwenda mara 10 taratibu kuliko ya nje. Jiwe la kilo 900 litahitaji mara 2 tu. Tofauti ya kilo 400 za chuma inanunua utulivu mkubwa kiasi hicho, nami ningechagua 900 bila kufikiri mara mbili. Mchemraba wa chuma wenye upande wa sentimita 49 unatosha.

Angalia njia ya kupanda. Kwa jiwe la kilo 500, chumba cha haraka kikiwa kwenye 2, cha pole kiko 1.11, yaani saa yake iko taratibu mara 1.11. Kwenye 5 kiko 1.67, kwenye 8 kiko 3.3, kwenye 9 kiko 5, na kile kipande cha mwisho kutoka 9 hadi 10 kinakirusha kutoka 5 hadi 10. Kinalala mwanzo wote halafu kinakimbia mwishoni, na hapo ndipo mitambo hushindwa kukifuata. Kwa jiwe la kilo 900 safari ni laini: 1.06, kisha 1.29, mwisho 2.

Na jambo moja nalisisitiza kwa mtu yeyote anayebuni kitu hiki: usivipe vyumba viwili mitambo miwili. Ukifanya hivyo, kisha mtu akavipandisha vyote sambamba mpaka 2 kwa jiwe la kilo 500, kutakuwa na kilo 200 za nishati zisizo na mwenyewe, megatani 4,300. Mtambo uwe mmoja, usio na ghala lingine la nishati. Hapo mizani ikikataa, uga unakataa kupanda, basi. Jiwe likipungua gramu moja, saa ya pole itasogea kidogo sana na hakuna atakayejua.

Silaha hii, basi, ina uzito wa karibu tani moja kabla hata ya kuhesabu mtambo, matangi na gari la kuibebea. Anayetaka bastola ya mkononi ashuke chini kabisa: leza ndogo za semikondakta za infraredi, aina iliyotengenezwa mara ya kwanza kwenye maabara ya Bell Labs, Marekani, mwaka 1994, huweza kutoa wati 1 hivi kwenye mikromita 10 zikiwa ndogo kuliko ukucha. Pamoja na betri na kioo, chukulia gramu 100, na jiwe la kilo 1.8. Linabebeka. Ila itatoka wati 100 nje, si zaidi, na hadithi ikubali hivyo.

Ukingo wenyewe

Kila mahali saa ya juu inapoitangulia saa ya chini, vitu huanguka. Hivyo ndivyo mvuto ulivyo. Einstein alianza kuihusisha saa na mvuto tangu 1907. Duniani tofauti ni sehemu 1.1 katika kila milioni bilioni 10 kwa kila mita ya urefu, na hiyo peke yake inatosha kukufanya ukianguka uumie. Sasa weka ukingo ambapo mwendo wa saa unatoka 10 hadi 1 ndani ya mita moja. Mvuto wake unakuwa mara milioni bilioni 21 ya ule wa Dunia, ukielekea nje, kutoka haraka kwenda pole.

Matokeo yake ni mengi. Hakuna waya unaoweza kupita hapo, wala bomba, wala mkono. Kila kitu kiwe kimeshawekwa ndani kabla uga haujapanda, na mpaka uzimwe hakiingii kitu wala hakitoki kitu, isipokuwa mwanga na mawimbi ya redio. Hata amri ya kufyatua ipitie hewani: ukiituma kwa megahezi 433 kutoka nje, mpokezi wa ndani ategwe kwenye 43.3. Nimeona michoro mingi yenye nyaya nene zinazoingia kwenye tufe la muda, na kila mmoja wapo ungekatika sekunde ileile ya kwanza.

Hewa ni tatizo kubwa zaidi. Molekuli ya nitrojeni iliyobaki ndani ya chumba cha haraka ikitangatanga hadi ukingoni, huanguka nje na kupata nishati ya mara 9 ya ile ya uzito wake, takribani elektronivolti bilioni 235. Hiyo ni kama miale ya anga, zile chembe kali zinazoipiga Dunia kutoka angani, siyo hewa. Kwa hiyo chumba kinyonywe mpaka kiwe ombwe, na kuta za chombo cha ombwe zikae nje ya ukingo, zikiuzunguka bila kuugusa. Jambo la kushangaza ni kwamba, uga ukishapanda, chumba cha haraka hujilinda chenyewe, kwa kuwa hewa ya nje haina nguvu ya kupanda mlima ule. Chumba cha pole ndicho kinachovuta. Ufa mdogo kwenye chombo chake, na kila molekuli inayoingia hulipiga jiwe kama risasi. Weka vipimo vyako vya ombwe huko kwanza.

Halafu kuna uzito wa Dunia. Leza ndani ya chumba haiwezi kusimama juu ya kitu kinachopita ukingoni, kwa hiyo itaanguka, na inaanguka kwa saa yake ya ndani: mita 4.9 katika sekunde ya kwanza, ambayo nje ni kufumba na kufumbua jicho. Suluhisho ni kuuinamisha uga wa ndani kidogo sana, ili saa ya chini ya chumba iende haraka kuliko ya juu kwa zile sehemu 1.1 katika milioni bilioni 10 kwa mita. Uzito unafutika na leza inaelea. Usahihi ni muhimu. Kosa la asilimia 1 kwa sekunde 3 za ndani litaisogeza leza sentimita 44, na chumba chenye nusu kipenyo cha sentimita 50 hakina nafasi hiyo. Lenga kosa lisilozidi sehemu 1 ya 1,000.

Joto lililobaki ndani

Kwa asilimia 10 ya ufanisi, mfyatuo wa jouli 1,000 za mwanga unaacha jouli 9,000 za joto. Hakuna bomba la kuliondoa. Mtu anaweza kusema liachwe litoke lenyewe kama mnururisho, na kwa kweli litatoka vizuri, kwa sababu kutoka ndani dunia ya nje inaonekana baridi mara 10: kuta za kelvini 300, yaani nyuzi 27 hivi, zinaonekana kelvini 30. Lakini kila jouli inayotoka hulipwa mara 10 nje. Jouli 9,000 za taka zitatoka zikiwa 90,000, mara tisa ya mwale wenyewe, zikisambaa pande zote hadi kwa mtu aliyesimama kwenye kifyatulio. Mashine yenye joto la kawaida la chumbani inaonekana kutoka nje kama kitu cha kelvini 3,000, rangi ya waya wa balbu ya zamani. Kikaza kisichofunikwa kinawaka kama taa, na adui anakiona kabla hakijafyatua.

Kwa hiyo joto libaki ndani. Funika kuta za ndani kwa dhahabu nyembamba, inayorudisha karibu infraredi yote, na elekeza joto kwenye lita moja ya maji. Ukiyaruhusu yapande nyuzi 60, yanabeba jouli 251,000, yaani mifyatuo 27. Wa 28 usipigwe. Shusha uga, badilisha maji, anza tena. Nimeona wabunifu wakiongeza tangi la lita 10 ili wapate mifyatuo 270, bila kukumbuka kwamba kilo 9 hizo zinadai kilo 162 zaidi za jiwe, kama wanataka saa ya pole ibaki kwenye 2.

Jiwe nalo lina joto lake, kwa mwelekeo wa kinyume. Ndani ya chumba cha pole dunia inaonekana moto. Kwa 2, kuta za kelvini 300 ni kama kelvini 600, nyuzi 327, na hapo hasa ndipo metali ya risasi inapoyeyuka. Wengi huchagua metali hiyo kwa sababu ni nzito na ndogo. Chagua chuma. Kwa jiwe la kilo 500 kwenye 10, kuta hizo zingekuwa kelvini 3,000, na chuma kingeyeyuka pia; ungelazimika kuzipoza kwa nitrojeni oevu ya kelvini 77, ili jiwe lione 770. Kupanda kwa joto hilo ni kwa polepole likipimwa na saa ya nje, hivyo mapigano mafupi hayatalidhuru. Kuuacha uga umewashwa usiku mzima ndiko kunakoliua.

Ngao

Shabaha ikiwa ndani ya chumba chake cha haraka chenye k = 10, mwale unarudi ulikotoka: mikromita 10.6, kilowati 1, sekunde 1. Kinachohesabika ni uwiano wa saa ya mpigaji na saa ya mpigwaji, siyo k ya mmoja wao. Na ngao hiyo ina zawadi nyingine. Ukingo wake hupinda mwanga kama lenzi, na mwanga unaogonga mbali na katikati hurudishwa wote. Tufe lenye nusu kipenyo cha mita 2 hupitisha tu miale inayoelekea kwenye duara la katikati lenye nusu kipenyo cha sentimita 20. Sehemu nyingine ya mwale hutawanyika pembeni, na waliosimama karibu na anayelindwa ndio wanaoumia. Hilo ningependa kuliona likiandikwa zaidi: ngao inayomwokoa mmoja na kuwapofusha wenzake.

Aliye ndani ya ngao hulipa kwa macho. Mwanga unaoonekana ni wa nanomita 400 hadi 700. Saa yake ikienda mara 1.75 tu, ile 400 imeshakuwa 700, na kinachobaki cha kuona ni urujuanimno wa jua uliosogea. Ikifika 2.3 hata huo umekwisha. Kwenye 10 yuko gizani, akisubiri.

Na ngao ya pole siyo ngao. Mtu akiwekwa ndani ya chumba cha pole chenye 10, jua la wati 1,000 kwa mita ya mraba linamfikia kama wati 100,000, tena limegeuka urujuanimno. Anayetaka kumdhuru adui hana haja ya mwale. Anahitaji kumpunguzia saa mchana wa jua kali. Tatizo ni nishati inayotoka: mtu wa kilo 70 anapoteremshwa hivyo hutoa kilo 63 za nishati, na mtambo wa mshambuliaji lazima uwe na chumba cha haraka cha kuipokea. Ndiyo maana katika ulimwengu unaofuata sheria zake, silaha hizi mbili husafiri pamoja, moja ikiwa jiwe la mizani la nyingine.

Utaratibu wa kufyatua unatokana na hayo yote. Pima uzito wa kila kilichomo chumbani, maji yakiwemo, kisha uzito wa jiwe. Nyonya hewa, na usubiri kipimo cha upande wa pole kitulie. Chaji kapasita za ndani kwa waya, uchomoe waya, funga. Weka mwinamo wa kufuta uzito kabla leza haijaachiliwa. Pandisha uga, washa mwale wa majaribio, subiri silikoni iuone. Fyatua kwa redio, mara moja hadi mara tatu, si zaidi kwa mpandisho mmoja, kwa sababu leza inaendelea kusogea na kuzeeka kwa saa yake. Saa moja ya nje ukiwa umeuacha uga juu ni saa 10 za uchakavu ndani, kwa hiyo daftari la matengenezo liandikwe kwa saa ya ndani.

Kushusha kunafuata njia ileile kinyume, kwa mwendo uleule. Uga haukatwi. Mtambo ukipoteza umeme katikati, vyumba viwili vinashuka pamoja kwa kuwa vimefungana, na leza hutua kwenye vishikio vyake. Hatari iko kwa anayefungua mlango mapema: kihisi kikionyesha 1.0001 bado kuna sehemu moja katika 10,000 ya tofauti ukingoni, na kwa upana wa mita moja huo bado ni mvuto wa zaidi ya mara bilioni 900 ya wa Dunia. Mlango ufunguliwe baada ya saa zote mbili, ya ndani na ya nje, kulinganishwa kwa redio mara mbili mfululizo na kutoa mapigo sawa.